Povu la Moto na Povu la Baridi: Sayansi ya Keki ya Matabaka

Ukikichukua kipande cha keki ya sponji iliyookwa vizuri, ukakiminya mpaka kisiweze kuminyika zaidi, kitakachobaki kiganjani ni donge dogo la mayai, sukari na unga. Sehemu kubwa ya kile ulichokiona sahanini ilikuwa hewa. Hewa hiyo haikununuliwa dukani wala haikupimwa kwa mizani. Hata hivyo, ikikosekana, mayai na sukari vilivyogharimu fedha nyingi hugeuka kuwa kitu kizito na kigumu ambacho hata watoto hukikataa.

Makala haya yanaeleza jinsi hewa hiyo inavyoingizwa katika keki, inavyoshikwa humo, na inavyopotea. Mfano tutakaoutumia ni keki ya matabaka ya Ufini, yenye matunda na krimu, ambayo Wafini wenyewe huiita täytekakku, maana yake keki iliyojazwa. Tumeichagua kwa sababu mbili. Kwanza, katika upishi wake wa asili haitiwi hamira wala beking pauda. Nguvu yake yote ya kuumuka hutoka katika mayai, sawasawa na mkate wa mayai unaojulikana sana Unguja, Mombasa na kwingineko katika Pwani yetu. Pili, keki hiyo moja ina mapovu mawili yenye tabia zilizo kinyume kabisa: povu la yai, ambalo huimarishwa na moto, na povu la krimu, ambalo huimarishwa na baridi. Anayeifahamu tofauti hiyo hatapoteza mayai yake bure. Zaidi ya hayo, ataepuka kuwalisha wageni wake chakula chenye sumu.

Keki ya bilauri tatu

Ufini ni nchi ya Ulaya ya kaskazini, na sehemu yake ya juu imo ndani ya eneo la Aktiki. Majira ya joto huko ni mafupi, na stroberi za mashambani huanza kuiva kwa wingi mwishoni mwa Juni. Keki ya matabaka huandaliwa kwa siku za kuzaliwa, kwa Siku ya Akina Mama mwezi wa Mei, na kwa sherehe za vijana waliohitimu masomo ya sekondari. Yaani ni chakula cha siku ambayo mwenye nyumba hataki kuaibika.

Vipimo vyake havihitaji mizani. Mpishi huchukua bilauri tatu zinazolingana. Katika ya kwanza huvunjia mayai, kwa kawaida manne au matano. Ya pili huitia sukari mpaka kimo kile kile mayai yalipofikia, na ya tatu huitia unga wa ngano kwa kimo hicho hicho. Njia hii yaonekana kuwa ya kienyeji, lakini ina busara ya kisayansi ndani yake. Mayai hayalingani kwa ukubwa, na mwenye kuhesabu mayai bila kuyapima huweza kukosea sana. Mwenye kutumia bilauri hulinda uwiano hata kama kuku wake hutaga mayai madogo. Kwa mayai matano ya wastani, vipimo hivyo hukaribia gramu 250 za yai lisilo na ganda, zaidi kidogo ya gramu 200 za sukari, na gramu 150 za unga.

Mayai na sukari hupigwa pamoja mpaka yawe povu zito jeupe. Unga huchekechewa juu yake na kuchanganywa taratibu. Mchanganyiko huokwa katika nyuzi 175 za Sentigredi kwa muda wa dakika 35 hadi 40. Keki ikishapoa hukatwa kwa ubapa ili kupata matabaka matatu. Kila tabaka hurowanishwa kwa maji ya matunda au maziwa, kisha hujazwa stroberi, na mara nyingi ndizi mbivu, tunda ambalo Wafini hulipata kutoka nchi za joto. Mwisho keki yote hufunikwa kwa krimu iliyopigwa na kupambwa kwa matunda.

Povu la kwanza: yai

Karibu sehemu tisa katika kumi za ute mweupe wa yai ni maji, na sehemu kubwa ya kinachobaki ni protini. Maji matupu hayawezi kushika povu. Ukiyachapa, viputo hutokea na kupasuka papo hapo. Tofauti ya yai ni hizo protini zake.

Molekuli ya protini ni mfano wa uzi mrefu uliokunjamana kuwa kidonge. Baadhi ya sehemu za uzi huo hupenda kukaa katika maji, na nyingine huyakimbia. Yai linapopigwa, vidonge hivyo hunyumbuka na kuanza kukunjuka. Sehemu zinazoyakimbia maji hujielekeza kwenye hewa, na zile zinazoyapenda hubaki majini. Hivyo protini hujipanga kuzunguka kila kiputo, zikashikana zenyewe kwa zenyewe, na kufanya utando mwembamba unaokizuia kiputo kupasuka. Kadiri mpishi anavyozidi kupiga, viputo vikubwa hugawanyika kuwa vidogo, na povu huzidi kuwa jeupe na zito.

Sukari nayo ina kazi zaidi ya utamu. Ikiyeyuka katika maji ya yai huyafanya kuwa mazito, na maji mazito hayachuruziki upesi kutoka katika kuta za viputo. Kwa sababu hiyo povu lenye sukari nyingi hudumu kuliko povu la yai tupu, ingawa huchukua muda mrefu zaidi kupanda.

Msomaji aweza kuuliza: ikiwa mafuta huharibu povu, na karibu theluthi ya kiini cha yai ni mafuta, yawezekanaje kupiga yai zima na kupata povu? Jibu ni kwamba mafuta ya kiini hayako huru. Yamefungwa katika chembe ndogo sana pamoja na protini na lesithini, nazo hukaa kwa utulivu ndani ya maji. Mafuta yaliyo huru ni jambo jingine. Tone la mafuta ya kupikia lililosalia ukingoni mwa bakuli hutanda juu ya utando wa protini, likazisukuma protini na kuchukua nafasi yake bila kuwa na uwezo wa kushikana kama zinavyoshikana zile. Hapo kiputo hupasuka. Basi bakuli na mchapo vioshwe kwa maji moto na sabuni na kukaushwa kabla ya kazi. Bakuli la plastiki ambalo limetumiwa kwa mchuzi lisitumiwe, kwani plastiki hushikilia mafuta hata baada ya kuoshwa.

Alama ya povu lililokomaa ni hii: ukiinua mchapo, kinachodondoka hushuka kama utepe na kuacha mstari juu ya povu, nao mstari huo huonekana kwa sekunde kadhaa kabla ya kuzama. Kwa mashine ya umeme kazi hii huchukua dakika nane hadi kumi. Kwa mkono huhitaji subira na mara nyingi watu wawili wa kupokezana. Yai lililotoka katika jokofu huchelewa kufanya povu, na ndiyo sababu mpishi wa Ufini huyatoa mayai mapema yapate joto la chumba. Katika nchi zetu za joto tatizo hilo ni dogo.

Baada ya hapo hatari kubwa ni unga. Unga huchekechwa ili usiingie kwa madonge, na huchanganywa kwa kuukunja povuni kwa mwiko mpana, kutoka chini kuja juu, wala si kwa kukoroga. Kila mkorogo wa nguvu hupasua viputo ambavyo havitarudi, kwa kuwa keki hii haina beking pauda ya kutengeneza viputo vingine. Tena ngano ina protini zinazofanya gluteni, ule mnato unaofaa kwa mkate na chapati lakini usiofaa kwa keki, na gluteni huzidi kadiri unga mbichi unavyokorogwa. Wapishi wengi wa Ufini hupunguza gluteni kwa kutumia nusu unga wa ngano na nusu wanga wa viazi. Kwetu wanga wa mahindi au wa muhogo waweza kufanya kazi hiyo hiyo.

Shindano ndani ya tanuri

Watu wengi hudhani kwamba keki huumuka kwa sababu hewa ya moto hutanuka. Jambo hilo ni kweli, lakini ni sehemu ndogo ya ukweli. Kwa kanuni ya gesi inayojulikana kwa jina la Charles, hewa iliyopashwa kutoka nyuzi 25 hadi nyuzi 95 hutanuka kwa chini kidogo ya robo ya ujazo wake. Kinachobaki hufanywa na mvuke wa maji. Katika nyuzi 90, kanieneo ya mvuke wa maji hufikia karibu sehemu saba katika kumi za kanieneo ya angahewa kwenye usawa wa bahari. Kwa hiyo maji yaliyomo katika kuta za viputo hugeuka mvuke na kuingia ndani ya viputo hivyo, vikavimba kupita kiasi ambacho hewa peke yake ingeweza. Hata hivyo mvuke hauwezi kuanzisha kiputo pasipokuwa na hewa. Hupanua tu viputo vilivyokwisha kufanywa na mchapo. Povu likiwa limekufa kabla ya kuingia tanurini, hakuna moto utakaolifufua.

Wakati huo huo mambo mengine mawili hutendeka. Protini za yai, ambazo zikiwa peke yake huanza kuganda kwenye nyuzi sitini na kitu na kumaliza zaidi ya 80, hushikana kuwa wavu mgumu. Sukari huchelewesha kuganda huko, na hivyo kukipa kiputo nafasi ya kukua. Nao wanga wa unga hunywa maji, huvimba na kuwa mfano wa uji mzito uliosimama. Basi ndani ya tanuri kuna shindano: viputo vinakua na kuta zake zinazidi kuwa nyembamba, huku protini na wanga zikijitahidi kuziimarisha kuta hizo kabla hazijapasuka.

Moto ukiwa mdogo mno, viputo hupasuka na kuungana kabla kuta hazijaganda, na keki huwa na matundu makubwa na kimo kifupi. Moto ukiwa mkali mno, uso huganda mapema wakati moyo ungali unavimba, nao uso hupasuka. Mlango ukifunguliwa katika dakika ishirini za mwanzo, hewa baridi huingia, sehemu ya mvuke hurudi kuwa maji, viputo hunywea, na kuta ambazo hazijaganda haziwezi kubeba uzito. Hii ndiyo sababu ya lile bonde katikati ya keki ambalo huwahuzunisha wapishi.

Walio nyanda za juu wana jambo moja zaidi la kuangalia. Mbeya na Nairobi ziko kwenye mwinuko wa karibu meta 1,700 au zaidi kidogo, ambako kanieneo ya hewa ni karibu sehemu nane katika kumi za ile ya pwani, na maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi. Huko viputo hukumbana na kizuizi kidogo kutoka nje, navyo huvimba upesi kuliko kuta zinavyoganda. Mpishi wa nyanda za juu apige mayai kwa muda mfupi kidogo kuliko wa pwani, apunguze sukari kwa kijiko kimoja au viwili vikubwa, na kuongeza joto la tanuri kidogo ili kuta ziwahi kuganda.

Asiye na tanuri la umeme au gesi asikate tamaa. Mkate wa mayai wa Pwani huokwa katika sufuria yenye makaa chini na makaa juu ya mfuniko. Fizikia yake ni ile ile: joto lizunguke pande zote, lisiwe kali upande wa chini peke yake, na mfuniko usifunuliwe kabla ya wakati.

Povu linapogeuka sponji

Keki inapotoka motoni hupoa, na mvuke ulio ndani yake hurudi kuwa maji. Kama kila kiputo kingekuwa chumba kilichofungwa, hewa ya nje ingeikandamiza keki yote na kuibomoa. Keki iliyoiva haibomoki kwa sababu, katika dakika za mwisho za kuokwa, kuta nyingi za viputo hupasuka kidogo baada ya kuwa zimekwisha kuganda. Vyumba vilivyokuwa vimefungwa hupata milango, na hewa ya nje huingia kuchukua nafasi ya mvuke. Povu, ambalo ni mkusanyiko wa viputo vilivyofungwa, limegeuka kuwa sponji, yaani mtandao wa vijumba vilivyo wazi.

Mabadiliko hayo yanaeleza mambo mawili. Keki iliyotolewa mapema hunywea kwa sababu vyumba vyake vingali vimefungwa na kuta zake ni laini. Tena, keki iliyoiva huweza kunywa maji ya matunda kama kitambaa kinywavyo maji, kwa kuwa njia ziko wazi. Keki ya Ufini huokwa kavu makusudi, pasipo siagi wala mafuta ndani yake, kisha huongezewa unyevu baadaye. Inafaa ikae saa kadhaa, hata usiku mzima, baada ya kurowanishwa, ili maji yasambae sawasawa. Ikumbukwe kwamba keki ya moto haikatiki vizuri, kwani wanga wake haujaimarika. Ipoe kabisa kwanza.

Povu la pili: krimu

Sasa tunaingia katika povu la pili, nalo linageuza kanuni zote tulizokwisha kuzieleza. Katika povu la yai mafuta ni adui. Katika povu la krimu mafuta ndiyo nguzo.

Krimu, ambayo wengine huiita malai, ni maziwa yenye matone mengi madogo ya mafuta. Krimu ya kupigwa inayouzwa Ufini huwa na mafuta kiasi cha asilimia 35 au zaidi kidogo. Kila tone limefunikwa na utando unaolizuia kuungana na jirani yake. Krimu inapopigwa, hewa huingia na utando wa matone huchubuka. Matone yaliyochubuka hushikana mfano wa mawe yaliyopangwa na mjenzi, yakizunguka viputo vya hewa. Lakini ili yashikane bila kuyeyukiana, ni lazima sehemu ya mafuta yaliyomo iwe ngumu. Hapo ndipo baridi inapohitajika.

Mafuta ya maziwa hayana kiwango kimoja cha kuyeyuka, kwani ni mchanganyiko wa aina nyingi za mafuta. Katika nyuzi 5 karibu nusu yake ni magumu. Katika nyuzi 20 sehemu ngumu ni ndogo, na kabla ya kufikia nyuzi 40 yote huwa majimaji. Kwa hiyo krimu iliyopozwa vizuri huongezeka ujazo mara mbili hivi na kusimama imara. Krimu iliyokaa mezani Dar es Salaam au Mombasa wakati wa mchana haitapanda hata ikipigwa mpaka mkono uchoke. Mafuta yake ni laini mno. Na hata iliyopigwa ikiwa baridi huanza kulegea na kutoa maji mara inapopata joto la chumba.

Basi krimu, bakuli na mchapo vyote vikae katika jokofu kwa saa kadhaa. Pia mpishi ajue mahali pa kukoma. Kupiga kukizidi, matone huungana kabisa, hewa hutoka, na krimu hugawanyika kuwa siagi na maji ya maziwa. Wafugaji wetu wanaosuka maziwa katika vibuyu ili kupata siagi huitafuta hali hiyo hiyo ambayo mpishi wa keki anaikimbia.

Badala ya krimu ya maziwa, tui zito la nazi lililokaa katika jokofu usiku kucha huweza kupigwa likapata povu la kiasi. Udhaifu wake ni kwamba mafuta ya nazi huyeyuka kwenye nyuzi 24 hivi, joto ambalo katika Pwani hupatikana hata usiku. Zipo pia krimu za viwandani zilizotengenezwa kwa mafuta ya mimea yaliyogandishwa. Hizo huvumilia joto zaidi, lakini hazijaepukana na hatari tutakayoieleza baadaye.

Matunda yanayofaa na yasiyofaa

Stroberi zina asidi na maji mengi. Zikinyunyiziwa sukari, maji yaliyomo ndani ya seli zake hutoka nje kuifuata sukari, kwa njia iitwayo osmosisi. Maji hayo matamu ndiyo yanayotumika kurowanisha keki. Ndizi iliyokatwa hugeuka rangi kuwa ya kahawia kwa sababu kimeng'enya kilichomo ndani yake hukutana na oksijeni. Maji ya limau huchelewesha badiliko hilo.

Msomaji wa Afrika Mashariki atapenda kutumia matunda ya kwao, na embe, ndizi na pasheni hufaa sana. Lakini nanasi bichi na papai bichi, yaani yasiyopikwa, yataka uangalifu. Yana vimeng'enya vinavyokatakata protini: bromelaini katika nanasi na papaini katika papai. Hiki ndicho kisa cha akina mama kuifunga nyama ngumu katika majani ya mpapai ili ilainike. Vimeng'enya hivyo vikikutana na krimu hukatakata protini za maziwa, na baada ya muda krimu huwa chungu na nyepesi. Dawa yake ni kuyachemsha matunda hayo na sukari kwa dakika kadhaa, kisha kuyapoza. Nanasi la kopo halina tatizo hilo kwa kuwa limekwisha kupashwa moto.

Hatari isiyoonekana

Keki ya krimu ina nafasi ya pekee katika historia ya elimu ya sumu za chakula. Mwaka 1914 mtafiti M. A. Barber, aliyekuwa akifanya kazi Ufilipino, alichapisha taarifa juu ya watu waliougua kwa ajili ya maziwa ya shamba moja. Alionyesha kwamba maziwa hayo yakinywewa mara baada ya kukamuliwa hayakuleta madhara, lakini yakiachwa saa kadhaa katika joto la nchi hiyo yaliwatapisha watu, na yeye mwenyewe aliyanywa ili kuthibitisha. Chanzo kilikuwa bakteria waliotoka katika kiwele cha ng'ombe.

Kisha mwaka 1930 Gail Dack na wenzake wa Chuo Kikuu cha Chicago, Marekani, walichapisha uchunguzi wao juu ya watu waliougua baada ya kula keki za sponji zenye kijazo kizito cha krimu. Waliwapata bakteria wa jamii ya Staphylococcus katika keki hizo, wakawaotesha, kisha wakakichuja kioevu chao mpaka kisiwe na bakteria hata mmoja. Watu waliojitolea kukinywa waliugua. Hivyo ilithibitika kwamba kinachomdhuru mlaji ni sumu ambayo bakteria huiacha katika chakula, hata wao wenyewe wasipokuwapo.

Bakteria hao, hasa Staphylococcus aureus, hukaa katika pua na ngozi za watu wengi walio wazima, na huwa wengi sana katika vidonda na majipu. Huingia katika krimu kutoka mkononi mwa mpishi. Katika joto letu huweza kuongezeka maradufu kila baada ya nusu saa hivi. Sumu yao haibadilishi rangi, harufu wala ladha ya krimu, na huvumilia hata maji yanayochemka. Mlaji hushikwa na kichefuchefu, kutapika na maumivu ya tumbo kati ya nusu saa na saa 8 baada ya kula. Watu wazima wengi hupona ndani ya siku moja, lakini mtoto mdogo au mzee huweza kupungukiwa na maji mwilini kwa kiasi cha hatari.

Sehemu ya keki iliyookwa haina hofu kubwa, kwa sababu moyo wake hufikia zaidi ya nyuzi 90 na hukauka kiasi. Hofu iko katika mambo yanayofanywa baada ya tanuri: kukata, kurowanisha, kujaza na kupamba. Kazi hizo zote hufanywa kwa mikono, na hakuna moto mwingine utakaofuata. Mwenye kidonda mkononi asiishike krimu. Mikono ioshwe kwa sabuni. Keki iliyokwisha kupakwa krimu ikae katika jokofu lisilozidi nyuzi 5, isikae nje zaidi ya saa 2, na siku ya joto kali isizidi saa 1. Iliyozidi hapo itupwe, ingawa inauma kuitupa. Mchanganyiko wenye yai bichi nao usionjwe, wala watoto wasipewe kulamba bakuli, kwa kuwa yai bichi huweza kuwa na bakteria wa Salmonella.

Kwa wanaookea biashara

Katika miji yetu wako akina mama na vijana wengi wanaojipatia riziki kwa kuoka keki za arusi na siku za kuzaliwa. Kwao elimu hii ni sehemu ya mtaji. Keki ya sherehe mara nyingi husafirishwa juani, huwekwa mezani mapema ili ipendeze, kisha husubiri hotuba na ngoma mpaka usiku. Saa hizo zote zahesabiwa. Fundi mwenye busara huoka sponji siku moja kabla, kwani haidhuriki, na kuipaka krimu karibu na wakati wa kuliwa. Hukubaliana na mwenye sherehe mapema kuhusu saa ya kukata keki. Pasipo na jokofu wala barafu ya kutosha, humshauri mteja achague maji ya matunda na jemu badala ya krimu, kwani sukari nyingi na asidi huwazuia bakteria hawa kustawi.

Hapo mkate wa mayai unastahili kuangaliwa upya. Wapishi wa Pwani walikwisha kulimudu povu la kwanza, lile la moto, kwa mayai, sukari, unga na iliki, na hawakuliongeza povu la pili ambalo hali ya hewa yao haikuweza kulihifadhi. Mwenye jokofu leo aweza kuukata mkate huo huo kwa ubapa, akaurowanisha kwa maji ya pasheni, akaujaza embe mbivu na krimu baridi. Asiye nalo aujaze embe na maji ya pasheni peke yake, dakika chache kabla ya wageni kuketi.